Kiwanja Alichokipima Ami Zahor

Simu iliingia siku ya Jumatano, saa mbili na dakika kumi asubuhi. Nilikuwa kazini Ruwi, mjini Muscat, kwenye meza ya mapokezi ya kliniki ya meno. Jina lililotokea ni la Bi Shariffa, mke wa ami yangu. Bi Shariffa hana tabia ya kupiga simu asubuhi, maana asubuhi yake ni ya Qur'ani na mikate ya kumimina. Nikapokea haraka.

"Wijdan," akasema, "njoo nyumbani, mwanangu. Usiendeshe gari mwenyewe, tafuta mtu akulete."

"Kuna nini, Bi Shariffa?"

"Ami yako katangulia."

Nikasema Inna lillahi wa inna ilayhi raji'un. Sikulia pale. Nilikuwa naandika jina la mgonjwa aliyesimama mbele yangu, nikalimaliza kwa sababu mkono ulikuwa umeshaanza, kisha nikampa mwenzangu kalamu nikatoka. Ndani ya teksi ndipo nilipolia, mpaka dereva akazima redio.

Ami Zahor alisali Alfajiri msikitini kama kawaida yake, akarudi kwa miguu, akakaa kwenye kiti chake uani kusubiri chai. Bi Shariffa alipotoka na buli alidhani kasinzia. Akamgombeza kidogo. "We Zahor, chai itapoa." Hakujibu. Hakuugua, hakumsumbua mtu. Tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa hilo.

Jamaa wa Unguja waliotuma salamu za rambirambi wameniuliza, huo uwanja wake aliokuwa akiusema kila simu ni uwanja gani hasa? Wengine walidhani ni wa mpira wa miguu. Naandika haya kuwajibu, na mimi mwenyewe napata nafuu ninapoandika.

Ami Zahor alizaliwa Vikokotoni, mjini Unguja. Alifika Muscat akiwa na miaka kumi na tisa, yeye na kaka yake, Ami Murshid, na sanduku moja la nguo walilogawana. Alisoma mpaka darasa la kumi. Akapata kazi kwa wapima ardhi, kazi ya kushika kamba na kupigilia vigingi, akaifanya zaidi ya miaka thelathini. Barabara nyingi za mji huu, kabla ya lami kumwagwa, yeye alizipita na kamba mkononi. Ukipanda naye gari hamfiki bila hadithi ya kigingi. Hapa kigingi kililiwa na mbuzi. Pale mwenye nyumba alikikalia, akasema haondoki mpaka barabara ipite kwa jirani.

Baba yangu alipofariki nilikuwa na miaka tisa. Ami Zahor na Bi Shariffa hawakujaaliwa mtoto, wakanichukua mimi. Kwa hiyo najua vizuri tabia yake moja iliyomchosha kila mtu: hakuweza kuvumilia kitu kilichokaa upande. Alinyoosha mikeka, fremu za picha, foleni za watu. Akienda kuhani msiba atanyoosha viatu vya watu mlangoni. Aliwahi kunyoosha mswala wa mtu katikati ya sala ya sunna, na mwenyewe yuko kwenye sijida.

Alipostaafu alikaa nyumbani miezi mitatu. Siku moja Bi Shariffa akamwita Ami Murshid.

"Murshid, mtafutie nduguyo kazi. Kashanipangia masufuria kwa urefu. Sasa ananitazama mimi."

Ndivyo alivyopata kazi chuo kikuu kimoja cha binafsi hapa Muscat, msimamizi wa bustani na viwanja. Kiwanja kilikuwa kimoja tu cha mpira wa miguu. Nyuma ya karakana palikuwa na ardhi ya mawe na vifusi, ambako wanafunzi walikuwa wakijifunza kuendesha gari kwa siri.

Mwaka uliofuata akaja mwalimu wa uhandisi kutoka Japani, jina lake Ishida, mtu mfupi, mpole, mwenye begi kubwa lililojaa glovu za ngozi. Akaomba apewe ile ardhi ya vifusi atengeneze kiwanja cha besiboli. Chuo kikakubali, maana hakuna aliyekuwa akiitaka. Akapelekwa kwa Ami Zahor.

Ami alikuwa hajausikia mchezo huo maishani mwake. Alitueleza jioni ile kwenye chai.

"Mmoja anarusha mpira, mmoja anaupiga kwa gongo. Akishaupiga anakimbia. Kituo cha kwanza, cha pili, cha tatu, kisha anarudi pale pale alipotoka. Pale wanapaita nyumbani. Akifika salama, wanahesabu."

Ami Murshid akaweka kikombe chini. "Zahor, hiyo nage. Kule kwetu wanacheza wanawake."

"Si nage."

"Mtu anarushiwa mpira, anakimbia. Nage. Umri huu, ndugu yangu, umehamia kwenye nage."

Miaka kumi na zaidi Ami Murshid aliuita mchezo ule nage, na hakuna aliyeweza kumtoa hapo.

Siku ya kupima kiwanja nilikwenda nao, nikashika ncha ya kamba. Mwalimu Ishida alieleza kwamba mpigaji lazima awe na jua la jioni mgongoni, kwa hiyo yeye anakaa upande wa magharibi na kuelekea mashariki. Ami alisimama kituo cha pili, akatazama kule nyumbani. Kisha akatoa dira yake ya zamani mfukoni.

"Mwalimu," akasema, kwa Kiingereza chake cha vipimo, "hii kamba yako imekosa kibla kidogo tu. Kama unaweza kuisogeza huku, jua litabaki mgongoni, na sisi tutasali sawasawa."

Kwetu sisi Muscat kibla kiko magharibi, na kiwanja cha besiboli nacho kinalala hivyo hivyo. Mwalimu Ishida akakunja uso, akatazama jua, akacheka. Wakasogeza kamba. Tangu hapo, mtu akisimama kituo cha pili akiitazama nyumbani, ameelekea kibla. Na ukivuta mstari kutoka kituo cha kwanza moja kwa moja mpaka cha tatu, umepata safu ya sala iliyonyooka, ya watu sitini. Ami akauchora mstari huo kwa chokaa. Haumo katika sheria za mchezo. Ni mstari wake yeye.

Likabaki jambo la kilima. Mrushaji wa mpira husimama juu ya kilima kidogo cha udongo, kimo cha inchi kumi, na hicho kilima kinaangukia katikati kabisa, mahali pa imamu. Ami akakataa.

"Imamu hasimami juu ya watu anaowasalisha."

"Na mrushaji hawezi kurusha kutoka chini," akasema Mwalimu Ishida.

Walibishana kwa adabu siku mbili. Mwisho wakaenda kwa seremala wa Wadi Kabir wakatengenezewa kilima cha mbao, kikavikwa zulia. Wakati wa mchezo kinawekwa. Ikiadhiniwa, watu wanne wanakinyanyua na kukipeleka pembeni, watu wanasali, kisha kilima kinarudi. Seremala alitaka kujua ni kitanda cha nani, mbona kina mgongo.

Miaka mitano kiwanja kilichangamka. Kisha Mwalimu Ishida akarudi kwao kumuuguza mama yake. Alimwachia Ami kitabu cha sheria, glovu na kamba mpya. Wachezaji wakapungua. Wanafunzi waliojua mchezo wakahitimu, waliobaki wakawa wanakuja sita, saba, hawatoshi hata timu moja. Lakini Ami aliendelea kukifagia na kuchora mistari yote kila wiki, hata kama hakuna atakayeikanyaga.

Ndipo chuo kikaleta mkuu mpya wa utawala, Daktari Hatem, mtu wa maneno machache. Akazunguka na Ami maeneo yote, alipofika kiwanjani akasimama.

"Mzee Zahor, wanafunzi wanaegesha magari mpaka barabarani. Hapa panaingia magari mia mbili."

"Hapa pana kiwanja, Daktari."

"Kiwanja kisichochezwa ni ardhi iliyolala. Nionyeshe mechi moja ya kweli kabla muhula haujaisha, na watu wa kuitazama. Usiponionyesha, nitamwaga lami."

Siku hiyo Ami alirudi nyumbani hakunyoosha kitu. Nilimuuliza kwa nini inamuuma hivyo, wakati yeye mwenyewe hachezi. Akanijibu taratibu.

"Mwanangu, miaka thelathini nimeshika kamba, na mwengine ndiye aliyesema ipite wapi. Pale peke yake niliulizwa mimi. Nami nikaielekeza panapostahiki."

Tulianza kazi.

Kulikuwa na mwanafunzi wa mwaka wa mwisho, Loai, bibi yake mzaa mama ni wa Pemba, kijana mwenye mbio na domo. Ami akamfanya nahodha. Loai akakusanya wenzake kumi na wawili, nusu yao walikuwa hawajawahi kuivaa glovu. Ami akawafundisha kwa kile kitabu cha sheria, aya kwa aya, kama chuoni kwa mwalimu wa Qur'ani. Wapinzani wakapatikana Sohar, wahandisi wa Kijapani na Kifilipino wa kiwanda kimoja huko, waliokuwa wakicheza kwenye uwazi wa mchanga. Watazamaji tukawa sisi. Bi Shariffa alipiga simu kwa kila nyumba ya Waswahili anayoijua, na anazijua nyingi.

"Mechi ya nini?" wakamuuliza.

"Ya Zahor," akajibu. "Kuna katlesi."

Siku ya mechi ilikuwa Jumamosi ya mwezi wa Desemba, hewa nzuri. Tulijaa. Vibibi wamekaa kwenye viti vya plastiki na buibui zao, watoto kwenye mikeka, wafanyakazi wa usafi wa chuo kwenye kivuli cha karakana, wanafunzi ukutani. Ami alikuwa amevaa dishdasha jeupe na kofia mpya. Mistari ilikuwa ikimetameta. Kwa ajili ya wageni aliipiga chokaa mara mbili, na ule wa sala aliupiga mara tatu.

Ami Murshid alikaa kiti cha mbele.

"Haya, nage ianze."

Wageni walikuwa hodari, lakini vijana wetu hawakuaibika. Ilipofika Alasiri Loai akaadhini. Watu wanne wakakinyanyua kilima wakaondoka nacho. Nahodha wa wageni akamkimbilia mwamuzi, mkono kifuani, akidhani mechi imefutwa. Alipoelezwa akawaambia wenzake, wakakaa chini pembeni wakivua kofia. Safu ikajipanga kwenye mstari kutoka kituo cha kwanza mpaka cha tatu, nyingine nyuma yake. Daktari Hatem alikuwa amekuja bila kumwarifu mtu. Aliingia safu ya kwanza, baina ya mfagiaji mmoja wa Kibangladeshi na mwanafunzi mwenye suruali iliyochanika goti.

Tukarudi mchezoni. Mzunguko wa mwisho ukafika, tuko nyuma kwa mkimbio mmoja, tumebakiwa na nafasi moja tu: mtu wetu mmoja akitolewa, mechi imekwisha. Loai alikuwa kituo cha kwanza. Mwenzake akaupiga mpira ukaruka mbali sana, ukapita vichwa vya wageni ukaenda kugonga ukuta. Loai akainua macho. Mbele yake uko mstari mweupe, mnene, umenyooka, unametameta. Akaufuata. Kutoka kituo cha kwanza akaenda moja kwa moja cha tatu, kama mshale, kutoka cha tatu akaingia nyumbani. Mwenzake naye akazunguka vizuri nyuma yake akaingia.

Tukasimama sote. Bi Shariffa alipiga vigelegele na miwani ikamtoka. Ami Murshid alikuwa juu ya kiti, mtu wa miaka sabini na tatu, akisema, "Nage hiyo. Nage hasa hiyo."

Mgeni mmoja akauokota mpira bila haraka, akaenda akakanyaga kituo cha pili, akamtazama mwamuzi. Mwamuzi akainua ngumi. Loai ametoka, na mikimbio yote miwili haihesabiwi. Mechi imekwisha, wageni wameshinda.

Hatukufahamu mpaka tulipofafanuliwa kwamba mkimbiaji lazima akanyage kila kituo, na Loai alikiruka cha pili. Loai alikuja kwa Ami kichwa chini.

"Ami, wallahi nimeuona mstari, nikaufuata. Sikufikiri."

"Umenyooka sana," akasema Ami Murshid. "Zahor angekuwa na mkono mbovu tungeshinda leo."

Watu walicheka, wakala katlesi, wageni wakaomba chai ya pili. Ami alicheka nao kidogo, lakini mimi nilimwona.  Ndani ya gari, tulipofika Wadi Kabir, akasema, "Nimekipoteza mwenyewe, kwa chokaa."

Asubuhi yake akaniomba nimpeleke chuoni. Alitaka kuungama kabla hajaulizwa. Tuliingia ofisini kwa Daktari Hatem, Ami akakataa kukaa.

"Daktari, wasilaumiwe vijana. Mstari uliowaponza ni wangu, haumo kitabuni. Mechi uliyoitaka mimi ndiye niliyeiharibu."

Daktari Hatem akaweka kalamu chini.

"Mzee Zahor, nilikuambia unionyeshe ushindi?"

"Hapana."

"Nilikuambia mechi na watu. Nimeviona vyote. Nina muhula mzima katika chuo hiki, sijawahi kusimama bega kwa bega na mtu anayefagia ofisi yangu. Jana ndiyo mara ya kwanza, nimemuuliza jina lake. Ni aibu yangu, si yako. Magari tutayapeleka upande wa lango. Kaa sasa, nakuomba."

Ami akakaa. Aliinamisha kichwa nikajua anasema alhamdulillah.

"Lakini kuna sharti moja," akasema Daktari. "Ule mstari uupake rangi nyingine."

"Kijani," akasema Ami.

"Kijani kitapotea kwenye majani pembeni."

"Basi manjano."

"Wapita njia watadhani maegesho."

Waliendelea hivyo mpaka chai ikaletwa, wakaafikiana buluu. Mimi niliomba ruhusa nikampigia Bi Shariffa. Aliniuliza kama Ami amekinyoosha chochote ofisini humo. Nikamwambia amezipanga kalamu za Daktari, naye amemwacha.

Alhamdulillah, Ami aliishi miezi kumi na minne baada ya hapo, na katika miezi hiyo kiwanja kilipata timu tatu: ya chuo, ya wahandisi wa Sohar waliokuwa wakija kila mwezi, na ya wasichana iliyomfurahisha Ami Murshid mno, kwani alisema sasa mchezo umefika kwa wenyewe. Chuo kilitaka kubandika jina la Ami ukutani. Alikataa, akasema ukuta wenyewe umeinama, waunyooshe kwanza. Hawakuunyoosha mpaka leo. Loai alihitimu, lakini kila Alhamisi alikuja kumshikia kamba.

Sasa niandike ya mwisho.

Nilipofika nyumbani Jumatano ile, walikuwa wamemlaza chumbani ameelekezwa kibla, Bi Shariffa ameketi karibu naye akisoma Yasini kwa sauti ndogo. Nilimbusu kipaji cha uso. Kilikuwa baridi. Ami Murshid alimwosha, pamoja na mume wangu na mzee mmoja wa msikitini. Ami Murshid hakufanya mzaha wowote siku hiyo. Walimvisha sanda, wakatuita tumuage. Bi Shariffa alimwambia, "Nimekuridhia, Zahor, nawe uniridhie." Mimi nilitaka kusema mengi, nikamwombea dua tu.

Wanaume walikuwa wamejaa mpaka njiani. Walikuwapo majirani na wapima ardhi wastaafu wawili wenye bakora. Daktari Hatem alikuwapo na walimu, wafagiaji wa chuo walikuja kwa basi dogo, na Loai na wenzake walitoka kazini na mavazi ya kazi. Wahandisi saba wa Sohar walikuwa wameendesha zaidi ya saa mbili. Wao si Waislamu, walisimama nje ya msikiti wakiinamisha vichwa mpaka sala ilipokwisha. Alisaliwa baada ya Alasiri. Jeneza lilibebwa kwa zamu, hakuna aliyepata kulishika muda mrefu kwa wingi wa watu. Sisi wanawake tulibaki nyumbani, haya nimesimuliwa na mume wangu.

Makaburini aliteremka Ami Murshid, mume wangu na Loai. Walimlaza ubavu wake wa kulia, wakafungua mafundo ya sanda, wakapanga mawe, kila mtu akatia konzi tatu za mchanga. Imamu akasoma dua, watu wakaitikia amin. Wakarudi kabla ya Magharibi. Tuliwapa maji, kahawa na tende, na Ami Murshid akaomba mahali pa kulala kidogo. Mwenyezi Mungu amrehemu Zahor bin Suleiman, amsamehe, ampe makao mema. Amin.